Ndoa ya Frimet Mbele ya Kamera

Warsaw, 11 Machi 1913

Kaka Hersh,

Filamu yangu iliteketea Jumapili, tarehe 9 Machi, na aliyeitia kwenye moto wa jiko ni wewe. Shikamoo nitakupa nikipoa. Hatujambo, ila mke wangu Gitl ameungua nyusi, maana filamu haiwaki kama kuni, hulipuka.

Ulikuja kama mgeni, ukala samaki wetu, ukaomba nikuonyeshe ninapohifadhi picha zangu. Kwa furaha ya kijinga nikakuonyesha. Nilianza na toroli la kuuzia vifungo; leo picha zangu zinatazamwa katika miji kumi na minne, na hakuna aliyenipa hata msumari, wewe ukiwa wa kwanza kuninyima. Kama ulimwonea haya binti yako kuonekana bibi harusi katika filamu yangu, ungesema. Ule ni mchezo tu.

Ndugu yako,
Zelig

Lublin, 16 Machi 1913

Mdogo wangu Zelig,

Mungu akupe afya, na nyusi za Gitl ziote upya. Sisi wazima, isipokuwa binti yangu Frimet, ambaye hali chakula.

Aibu ningeimeza. Mchezo, unasema. Ndevu za bandia zilipobanduka kwa joto la taa, ukaenda sinagogi ukachukua wazee wawili wacha Mungu, wenye ndevu zao. Pete ilikuwa ya yule mwigizaji, Leyzer, mali yake mwenyewe. Tena ukamwambia ayatamke maneno yote ya kufunga ndoa, eti watazamaji wetu wanajua kusoma midomo. Kwa sheria yetu ndoa ni pete, maneno na mashahidi wawili: kwenye sufuria hiyo kimekosekana nini? Rabi wetu amesema Frimet ni mke wa mtu mpaka Leyzer atoe talaka. Leyzer yuko Buenos Aires na hajibu. Wakwe wa Chelm wamevunja uchumba. Niliichoma ili pasibaki ushahidi.

Kaka yako,
Hersh

Warsaw, 24 Machi 1913

Kaka Hersh,

Shikamoo. Nyusi zinaota. Hasira hasara, na hasara hii ni yetu sote.

Nilikwenda kwa rabi wa mtaani kwetu. Akauliza jambo moja: mashahidi waliiona pete ikiingia kidoleni? Nikacheka mpaka akanuna. Wale wazee hawakuwahi kuona kamera. Muda wote waliikodolea macho, nikawatukana kwa kuniharibia picha. Shahidi asiyeona si shahidi, asema rabi, na hapo hakuna ndoa. Lakini wenyewe wanaapa waliona kila kitu. Nani mwenye ndevu nyeupe atakiri kwamba alikuwa akishangaa sanduku? Rabi anataka kuitazama picha yenyewe, aone macho yao yalikuwa wapi. Ile uliyoichoma.

Imebaki nakala moja, Kiev, kwa mwenye ukumbi aitwaye Pinkhas. Imekwaruzika, na Ijumaa anaitoa kwa mtengeneza vitana aiyeyushe, maana vitana na filamu hutoka kwenye kitu kilekile. Pesa yangu hataki. Watazamaji wake wanamtaka Frimet. Ataituma nikimwahidi picha mpya ambayo Frimet ndiye nyota wake. Safari hii hakuna harusi, anaigiza mjane. Frimet ameniandikia kwamba yuko tayari, lakini bila idhini yako hatoki Lublin.

Usiniletee hoja za vitabuni, wala dua, wala “tutaona”. Unamruhusu binti yako asimame tena mbele ya kamera, au humruhusu? Nijibu kwa telegramu, neno moja, kabla ya saa sita mchana siku ya Alhamisi.

Mdogo wako,
Zelig