Wavumao wa Visiwa vya Juu

Mwanangu Sabra,

Sijui kama maneno haya yatakufika huko Tanga kwa shangazi yako, ndiyo maana nimeyaandika wazi, asomaye asome. Na si hilo tu. Uongo wangu niliusema mbele za watu, haiwi kweli yake niiseme mafichoni.

Unaukumbuka msimu ule wa karafuu, mwaka aliofariki mama yako? Tulikaa barazani mimi, wewe na mdogo wako Omari, tunachambua, makonyo, vile vijiti vyake, huku, karafuu huku, vidole vyeusi. Mvua ya vuli ikashuka ghafla na upepo wake. Tukakimbilia majamvi ya karafuu uani, na huku bati la jikoni linang'oka linakwenda zake shambani kwa jirani. Omari akajifunika gunia, analia. Alikuwa anaogopa radi yule kuliko fimbo ya madrasa. Na mimi kubembeleza sijui, kazi hiyo alikuwa nayo mama yako. Nikasema lililonijia mdomoni:

"Nyamaza wee, hao ni Wavumao. Wanatafuta pa kukaa tu."

Wewe ukaweka jamvi chini. "Wavumao ndio nani, Baba?"

Nikakwambia huko juu ya mawingu kuna visiwa vinaelea, havina bahari chini yake. Kila kisiwa kimefungwa kwa kamba ya makumbi ya nazi kwenye mkarafuu wa kisiwa cha pili. Kamba ikikatika kisiwa kinapotea, na watu wake wanabaki sauti na upepo. Yangu yaliishia hapo. Yaliyobaki yote ni yako. Ni wewe uliyesema Wavumao hawana kiwiliwili lakini baridi wanaisikia. Ni wewe uliyesema hawang'oi mapaa kwa ubaya, wanapapasa mlango tu kama bibi yako asiyeona, na ukiwaambia "karibuni, kaeni," wanakaa na tufani inatulia. Tangu hapo radi ikipiga Omari anakwenda mlangoni: "Karibuni, kaeni! Lakini msinikalie mimi!" Tukicheka, mwanangu. Nyumba ile ilikuwa haijacheka toka tumzike mama yako.

Hadithi ukaipeleka skuli. Wenzio wakikuzunguka wakati wa mapumziko, kila siku unawapa kisiwa kipya. Karibu na mitihani wasichana wakaanza kuanguka darasani. Wa kwanza Hidaya, uliyekuwa ukikaa naye dawati moja, na katika kupiga kelele kwake akawaita Wavumao. Siku ya pili wakaanguka wengine. Unajua kwetu jambo kama hilo linavyokwenda. Kufika alasiri mji mzima unasema skuli imeingia mashetani, na sasa anatafutwa aliyeyaleta.

Tukaitwa wazazi. Wewe ulisimama ukutani na buibui lako. Mzee mmoja akauliza, "Mashetani ya jina hilo sisi hatuyajui hapa Kengeja. Yametoka nyumba gani?"

Watu wakageuka kunitazama. Nikaona sasa nyumba yangu itaitwa ya wachawi, nitakosa wachumaji, Omari atakosa wa kucheza naye. Nikasimama nikasema, "Huyu binti yangu anayo mashetani toka mama yake afe. Mimi nahangaika naye tu."

Hukulia. Ulinitazama ukasema, "Baba, si tumetunga?"

Na mimi nikawageukia watu: "Mnasikia? Ndivyo yanavyomsemesha."

Wakakuandikia kombe, aya za zafarani kwenye sahani, zikaoshwa kwa maji ukanywa. Ukafukizwa ubani mpaka macho yakakuvimba. Skuli hukurudi tena. Nikakupeleka kwa shangazi yako, nikawaambia watu umekwenda kupumzika. Bandarini hukunipa mkono.

Omari sasa ana ndevu, anaendesha bodaboda. Majuzi mvua imeshuka na radi, nikamsikia ukumbini anasema pole pole, "Karibuni, kaeni." Aliponiona akanyamaza. Anayaficha mbele yangu, Sabra. Yalinichoma hayo.

Nikaenda kwa Hidaya. Kaolewa, ana mtoto. Nikamwambia shetani hakuwepo, jina lile nililitunga mimi na mwanangu. Nilidhani atanifukuza. Akacheka.

"Ami, mimi niliangushwa na njaa na hofu ya mtihani. Niliwaita Wavumao waje wakae na mimi. Walikuwa watu wema wale." Kisha akaacha kucheka. "Sisi sote tulijua Sabra hana kitu. Lakini baba yake mwenyewe kasema, nani abishe?"

Neno hilo nimetoka nalo pale na bado ninalo.

Ijumaa msikitini baada ya sala nikaomba ruhusa, nikasimama, nikayasema haya haya. Wengine waliinama. Yule mzee aliyeuliza nyumba gani akanishika bega nje: "Ungekaa kimya, yakhe. Hayo yameshapita."

Yamempitia yeye.

Sikwambii urudi. Nimekunyima skuli, nimekunyima mdogo wako, na sina cha kukurudishia isipokuwa jina lako. Ukiulizwa huko kwa nini hukumaliza masomo, usifiche, sema baba yangu alinisingizia. Na mimi nikiulizwa hapa nasema hivyo hivyo.

Kwetu mtoto ndiye anayeomba radhi kwa baba. Baba kumwomba mtoto sijapata kusikia, hata maneno yake sijui yanakwendaje. Basi nayasema kama nilivyokufundisha wewe kuyasema ulipokuwa mdogo: nimekosa, niwie radhi.

Baba yako