Tawi Juu ya Mlango wa Ilunga

Jumatatu, 8 Novemba 1954
Katekisimu asubuhi, hesabu baadaye. Watoto wanajibu kabla sijamaliza kuuliza. Zamani nilifurahi. Leo imenichosha. Mawingu meusi upande wa mji wa Kipushi.

Jumanne, 9 Novemba
Radi imemuua jirani yetu Ilunga, nyumbani kwake. Nilisaidia kumtoa. Tawi lililobarikiwa Jumapili ya Matawi lilikuwa bado juu ya mlango, limeungua nusu. Nilimpa mimi mwenyewe kanisani, tena nikamwambia linakinga radi. Sote tunaweka tawi kama hilo mlangoni.

Alhamisi, 11 Novemba
Tulimzika jana. Leo watu wanasema radi ilitumwa na Mama Kapinga, mjane wa nyumba ya mwisho, asiyebatizwa. Wanataka kumfukuza kabla ya Jumapili. Mupe, padri wetu, amenituma niwatulize. Radi ni umeme tu, amesema, haina mtumaji.

Ijumaa, 12 Novemba
Nimesimama mbele yao. "Nani aliona Mama Kapinga anaituma?" Nikarudia. Kaka yake Ilunga alitema mate, akaondoka. Wengine wakamfuata, mmoja mmoja. Mama Kapinga anabaki kwake. Nimejivuna, sifichi.

Jumamosi, 13 Novemba
Mkuki kwa nguruwe. Swali langu limenigeukia. Nani aliona tawi likikinga radi? Liliungua pamoja na mwenye nyumba. Sikuishia kwenye tawi. Niliuliza mpaka nikafika kwa Mungu mwenyewe. Huko pia sina shahidi, nina majibu ya kukariri tu. Nina hasira. Jambo moja nimeliona kwa macho: yule mama amenusurika kwa sababu watu waliulizwa swali.

Jumatatu, 15 Novemba
Nimemwambia Mupe siwezi tena kufundisha katekisimu. Niachiwe hesabu. Hakukasirika, na hilo ndilo lililoniuma. Amesema asiyefundisha katekisimu hana kazi katika shule ya misheni. Amenipa mpaka Jumamosi nifikiri.
Mke wangu Georgette alisikiliza yote akichambua sombe, majani ya muhogo.
"Baba Odile, sasa batoto batakula maulizo yako?"
Naona haya mbele yake, si mbele ya Mupe.

Jumatano, 17 Novemba
Nimefundisha kama kawaida. Mdomo ulisema, mimi sikuwapo.

Jumamosi, 20 Novemba
Nimerudisha ufunguo wa darasa. Mupe amesema ataniombea. Seremala mmoja wa Maniema, Mwislamu, amenichukua kupiga randa. Malipo madogo. Hakuniuliza ninasali wapi.

Alhamisi, 25 Novemba
Viganja vina malengelenge. Jioni radi tena, karibu sana. Georgette alichoma moto kipande cha tawi letu la kanisani pale mlangoni, akafanya ishara ya msalaba. Mimi nilisogeza kitanda cha binti yetu Odile mbali na ukuta, umeme usimfikie. Mvua ilipopungua akaleta bukari, ugali wetu, tukala sahani moja.
Niliogopa kama zamani. Sikuomba.