x Zinapopotea

Mjukuu wangu Kulwa,

Marahaba. Hapa Kanyenye hatujambo. Mama yako mdogo amejifungua salama, mtoto wa kike, na mchele wa Igunga umetufikia.

Unaniuliza kama una akili nzito, maana kwenye mtihani x zako zilipotea ukabaki na 3 = 7. Pole sana, mwanangu. Hata mimi ziliwahi kunipotea.

Nilikuwa shuleni Igalula, mbele ya ubao: 2x + 3 = 2x + 7. Nilipoondoa 2x kila upande, ikabaki 3 = 7. Nikafuta, nikaanza upya, ikawa ileile. Wenzangu wakacheka, nami nikalia.

Mwalimu wetu, mama mmoja mpole, akaja kusimama kando yangu. "Hukukosea," akasema. "Hakuna namba itakayofanya tatu iwe saba. Andika: haina jibu."

Kisha akafuta ile 7, akaandika 3. Nikapata 3 = 3. "Sasa weka namba yoyote unayotaka mahali pa x." Nikaweka tano, nikaweka mia, zote zikakubali.

Mwisho akarudisha 7, akabadili 2x ya kushoto ikawa 3x. Hapo jibu likawa moja tu, nne.

Kwa hiyo x zikipotea, usifute kazi yako. Tazama kilichobaki: kikiwa kweli, kila namba ni jibu, kikiwa uongo, jibu hakuna.

Sikumwambia mwalimu kwamba nilipokuwa nalia nilikuwa nimeshaamua kutorudi shule. Kesho yake nilifika kabla ya wote.

Anayekuombea kila siku,
Bibi Monika