Kamba Hazigawanywi

Kaka Hamisi,

Salamu zikufikie huko uliko, katika rehema za Mola. Mama hajambo, ila kila alfajiri bado anakutengea chai, kisha anakumbuka na kuimwaga. Shemeji yuko edani kwao Msambweni. Mimi wamenipa darasa lako, na hilo ndilo linaloniandikisha barua hii.

Watoto wako wamenipokea kwa adabu kubwa. Asubuhi ni shikamoo kutoka kila dawati. Mfuko wangu wanaupokea mlangoni, na nikichelewa hakuna anayeuliza. "Mwalimu ana msiba," wanaambiana. Nami, kaka, nikaanza kuuzoea msiba huo ukinibeba. Nikawa natembea darasani mikono nyuma, kama wewe.

Juzi tulifika kwenye zile hesabu za kuandika nambari kubwa kwa ufupi, kwa vipeo vya kumi. Niliandika ubaoni nane mara kumi kwa kipeo cha sita, igawanywe kwa mbili mara kumi kwa kipeo cha tatu. Nane kwa mbili, nne. Hapo nilikuwa sawa. Kisha nikavigawanya na vipeo: sita kwa tatu, mbili. Nikaandika nne mara kumi kwa kipeo cha pili, nikapiga mstari chini yake kwa madaha. Milioni nane kugawanya kwa elfu mbili, mwalimu mzima napata mia nne badala ya elfu nne! Wala sikushtuka.

Na wewe ulinifundisha. Nilipokuwa nakaribia mtihani wangu wa ualimu ulinikalisha juu ya boriti za baba pale Gazi, zilizotoka mikokoni zikingoja kupakiwa. Ukaniambia kila kipeo ni kamba. Boriti kumi, kamba moja. Mafungu kumi kama hayo, kamba ya pili juu yake, na kuendelea. "Ukigawanya, mdogo wangu, kamba hazigawanywi. Zinafunguliwa. Unazo sita, fungua tatu, zinabaki tatu." Nilikucheka. Nilisema hiyo ni hesabu ya wauza boriti, mimi nataka kanuni ya kitabuni. Hukukasirika. Uliifunga tena kamba uliyokuwa umeifungua, tukaenda kula.

Leo nimemwita Mwanasiti ubaoni, yule binti wa Mwabungo uliyekuwa ukimwita kadhi kwa sababu hapitishi kosa. Swali lilikuwa jingine, la namna ile ile. Aliandika upesi, akatoa kipeo kwa kipeo, akapata. Halafu akaitazama hesabu yangu ya juzi iliyobaki pembeni mwa ubao. Akanitazama mimi. Akafuta jibu lake kwa kiganja, akaandika jingine kwa njia yangu.

Hapo ndipo nilipoliona kosa langu. Nikageukia darasa: vichwa vyote vimeinama. Walikuwa wanajua, kaka. Tangu juzi walikuwa wanajua.

Nilimwuliza kwa nini amefuta. Akajibu polepole, macho chini: "Tunakustahi, mwalimu. Una msiba."

Nami nikasema, vizuri, kaa.

Basi. Sikusema zaidi ya hapo. Mtihani wao umekaribia, nao wako radhi kukosea ili mimi nisifedheheke, na mimi nimekubali. Nimeuvaa msiba wako kama kanzu ya kufichia uchafu. Naona haya, kaka, haya ya kweli, hata uso unaniwaka ninapoandika. Jioni hii nimeshindwa kupita kaburini kwako. Nimezunguka kwa njia ya ufukweni, nikamdanganya Mama kwamba nilikwenda kutafuta samaki.

Nimekataza ubao usifutwe. Jumatatu nitaingia na kamba sita za baba, fungu la boriti begani, na watacheka wakitaka. Nitazifungua tatu mbele yao. Nitawaambia kwamba aliyewafundisha sawasawa ni wewe, na aliyekosea ni mimi, tena nilijua nikanyamaza. Kisha nitamwomba Mwanasiti afute hesabu yangu kwa kiganja kile kile, aandike jibu lake. Na kuanzia siku hiyo asinistahi mtu kwenye hesabu.

Mola akupanulie kaburi lako, kaka yangu. Usinitazamie kabla ya hapo. Jumatatu, nikishatoka darasani, nitarudi nyumbani kwa njia ya kwako.

Mdogo wako,
Omari