Baba na Kitabu cha Wadudu Waliolala

Nyumbani, chumba cha vitabu
Jumapili, baada ya mvua

Mpendwa mdogo wangu,

Hujambo huko mbali? Kile kikohozi kimekuachia, au bado unajifanya chuma hutaki kwenda hospitali? Mimi mzima, ila siku hizi naanza kusoma nikiwa macho na kumaliza sijui niko wapi.

Habari yenyewe ni Baba. Tangu tumzike Mama alikuwa hajatamka neno, hilo unalijua. Anakula, ananyoa ndevu, anafunga tai kama anayekwenda mahakamani, kisha anakaa kutazama rafu. Daktari alisema koo halina kasoro, tumzungumzishe tu. Sasa mimi fundi cherehani nina mazungumzo gani ya kumtosha wakili wa kodi? Nikaamua kumsomea vitabu vyake.

Nimemsomea hukumu za mahakama mpaka ndotoni nakata rufaa. Nimemsomea sheria za kodi, yale majuzuu mekundu tuliyokuwa tukipandia kufikia swichi ya taa. Hakupepesa hata kope. Siku moja nikaruka kurasa makusudi. Mtu aliyekuwa akimkatiza mgeni kwa sababu ya mkato mmoja alioruka akisoma, aliniacha niende zangu. Hapo niliogopa kweli.

Ndiyo maana ulipoandika tuuze nyumba na vitabu, Baba ahamie kwa shangazi achangamke, nilikubali shingo upande. Jana mchana mnunuzi wa vitabu akaja na maboksi. Kwenye rafu ya chini akatoa kile kitabu kinene cha Mama cha wadudu wanaolala, akauliza kama nacho ni cha sheria. Nikakipokea. Bado kinanuka dawa za maabara yake ya wadudu. Nikakaa sakafuni nikaanza kusoma kwa sauti, mnunuzi wa watu amesimama na utepe wake wa kufungia maboksi mkononi.

Kinasema nondo, yule kipepeo wa usiku, aliye ndani ya kifukofuko hajafa, wala hajalala kama sisi. Amejizima, anangoja. Ukimhurumia ukamleta kwenye joto mapema, haamki. Lazima kwanza baridi impitie mpaka itosheke. Nilisoma polepole, vumbi linaelea kwenye mwanga wa dirisha, nikasahau kabisa kwamba kuna mtu anangoja.

“Rudia hapo,” Baba akasema. “Hapo pa baridi.”

Nikarudia, machozi yananitoka ovyo. Alisikiliza mpaka mwisho, mkono juu ya boksi. Kisha akamwambia mnunuzi, kwa adabu zake zote za mahakamani, “Samahani, ndugu. Baridi yangu bado haijaisha.”

Tangu hapo hajasema jingine, nami simlazimishi. Mnunuzi ameondoka na maboksi yake matupu. Nyumba haiuzwi, mdogo wangu, na usije kumchukua. Njoo tu ukae naye kimya siku chache.

Wifi na mapacha nawasalimu sana. Shemeji yako naye anawasalimu. Mungu awafunike kwa rehema zake na akulainishie safari.

Nikupendaye hata ukiwa mbishi,
Dada yako