Ulichokitafsiri Kule Alunguli

Yaya Salumu,

Nimeolewa! Ningependa kukuandikia hilo tu: jinsi Anzuruni anavyonishika mkono hata tukienda kununua chumvi, jinsi anavyoniita "roho yangu" mbele ya mama yake. Lakini nina hasira na wewe, kaka yangu, na leo nitaitoa.

Jumapili mchana aliniletea filamu. Ile ya jangwa, Yaya! Wameitengeneza upya. Unaikumbuka: familia inaharibikiwa na gari mchangani, maji yanaisha, na kutoka vilimani watu wenye nyuso zilizoharibika wanawawinda mmoja mmoja. Wewe ulituonyesha ile ya zamani wakati wa vita, kwenye chumba chako cha video Alunguli, umesimama kando ya televisheni unatutafsiria kila neno la Kifaransa.

Ile ya zamani ilituonyesha bomba likidondosha maji tone moja moja, na pumzi zikatuishia. Hii mpya ni damu tupu na makelele. Niliichukia. Kisha akatokea yule mzee wa vilimani, nikaganda.

Katika tafsiri yako, mzee yule alisema: "Tuna njaa! Nyama yenu tamu!" Chumba kizima kilicheka. Walicheka hata wale wenye bunduki kwenye benchi la mbele, waliokuwa wakiwachapa wachimbaji kule machimboni. Mimi nilikuwa na miaka kumi na miwili, nimeanza sekondari, Kifaransa kinaniwasha ulimi. Nikasimama.

"Yaya, uko unadanganya! Hakusema vile!"

Watu wakakuzomea: "Mutoto amekushinda! Sema ya kweli!"

Ulinitazama. Kwa nini hukuniambia ninyamaze? Kofi moja tu lingetosha! Badala yake ulirudisha kanda nyuma, ukasema polepole: "Mulichimba mawe yetu, mukatia sumu maji yetu, sasa munatuita wanyama."

Hakuna aliyecheka. Benchi la mbele likainuka, wakatoka na wewe.

Siku ya tatu wavuvi walikuleta. Tulikuzika bila kulia kwa sauti. Mama hakunilaumu hata siku moja, na hilo nalo nililichukia.

Anzuruni nilimwambia ulikufa kwa malaria. Yeye ni mtu wa Obokote, Kifaransa anakijua kidogo. Mzee wa filamu aliposema maneno yake, yale yale, akaniuliza, "Anasema nini, roho yangu?"

Mdomo ukafunguka wenyewe: "Anasema wana njaa."

Mume wangu akacheka. Alicheka kama wao, Yaya. Nilimchukia, mimi ninayempenda hadi natetemeka nikisikia pikipiki yake!

Nikairudisha filamu nyuma. Nikasimama kando ya televisheni, nikamtafsiria neno kwa neno. Kisha nikamwambia akina nani walikuua, na ni nani alipiga kelele. Aliizima. Akaketi chini miguuni pangu, akasema, "Anza tena. Polepole."

Mmoja wa wale wa benchi la mbele bado anapita mtaani kwetu na kutusalimia. Sikuwa nikikosa kumwitikia. Sasa hatapata jibu langu.

Pumzika, Yaya. Hasira yangu juu yako haijaisha, nakupenda nayo hivyo hivyo. Tukijaliwa mtoto ataitwa Salumu. Na siku atakapouliza jina hili lilikuwa la nani, nakuahidi, sitamwambia malaria.

Mdogo wako,
Zaina