Jaji Anayejificha Jikoni

Shangazi yangu Zakiya, shikamoo.

Hili sijamwambia mtu: nataka kuwa jaji wa Mahakama ya Rufani. Nimesoma gazetini majaji walikoanzia. Mmoja alikuwa mwalimu, mwingine karani. Hakuna aliyeanza kwa kujificha jikoni wageni wakija.

Jana nilikuwa nikimsomea paka hukumu ya kuiba samaki, Mama akaingia.

"Waongea na nani?"

"Naomba dua, Mama."

"Basi iombee na cherehani. Jumatatu babako akupeleka kujifunza kushona."

Mbele ya Baba sauti hainitoki. Wewe dadake anakusikiliza. Mwandikie kabla ya Jumatatu kwamba nisomee sheria, useme ni wazo lako. Tafadhali asijue ni langu. Ataniuliza kwa nini, na itabidi nijibu.

Mwanao,
Mejumaa